Haiti na Mswada wa Fedha: wanahabari walichanganya mambo?

Juni 25, 2024 kikosi cha kwanza cha polisi wa Kenya kilitua Port-au-Prince, mji mkuu wa Haiti, kwenda kusaidia kupambana na magenge. Siku hiyohiyo wabunge wa Kenya walipitisha Mswada wa Fedha, wenye mapendekezo ya ushuru ya mwaka, kwa kura 195 dhidi ya 106, na vijana wakavamia Bunge. Haikuchukua muda majopo ya wanahabari yakaziunganisha habari hizo: pesa za kupambana na magenge ya Haiti zinapatikana vipi, ilhali raia anaambiwa serikali haina kitu?

Kihesabu, wanaopinga kuunganishwa kwa habari hizo hawajakosea. Novemba 2023 waziri wa usalama Kithure Kindiki aliwaambia wabunge kwamba ujumbe huo wa polisi Haiti ungegharimu takriban Sh36 bilioni, na kwamba polisi hawangeondoka kabla fedha kutoka nje hazijapatikana. Mswada nao ulilenga kukusanya Sh346 bilioni. Hata safari ya Haiti ingefutwa kabisa, madeni ya serikali yangebaki palepale.

Hata hivyo "fedha kutoka nje" ni maneno mepesi kuliko mzigo wenyewe. Azimio la Oktoba 2023 la Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa liliuacha ujumbe utegemee michango ya hiari. Mfadhili akichelewa, polisi wa Kenya anayesubiri marupurupu yake anaiangalia Nairobi, haiangalii New York yaliko makao ya Umoja wa Mataifa. Anayesema walipa ushuru hawahusiki anasahau nani hutanguliza pesa na nani husubiri kurejeshewa.

Mimi naona majopo yaling'ang'ania shilingi yakapita haraka penye uzito zaidi, yaani idhini. Januari 26, 2024 Jaji Chacha Mwita wa Mahakama Kuu aliamua kwamba Baraza la Usalama wa Taifa la Kenya halina mamlaka ya kutuma polisi nje, na kwamba panahitajika makubaliano na nchi husika. Machi 1 yakatiwa saini Nairobi, Ariel Henry, waziri mkuu wa Haiti wakati huo, akiwepo. Henry hakuweza hata kurudi kwake. Siku chache baadaye akatangaza kwamba atajiuzulu. Makubaliano na serikali inayoanguka yana nguvu gani? Hapo ndipo Haiti inapokutana kweli na Mswada wa Fedha: mara zote mbili uamuzi ulikuwa umeshaiva Ikulu, waliopaswa kuulizwa wakaletewa waidhinishe tu.

Mwanahabari wa bajeti angeanza na stakabadhi moja: Kenya imetanguliza kiasi gani, na imerudishiwa kiasi gani.