Sinema Ilizaliwa Kamera Ilipopungua Uzito

Ukiuliza nani aligundua sinema, jibu hutegemea bendera ya anayejibu. Mmarekani atakutajia Edison. Mfaransa, ndugu wawili wa Lumière. Mjerumani atakukumbusha kwamba ndugu wa Kijerumani, akina Skladanowsky, walionyesha picha zao Berlin tarehe 1 Novemba 1895, karibu miezi miwili kabla ya akina Lumière kuonyesha zao Paris. Na Mfaransa mwingine, Louis Le Prince, alikwisha kurekodi watu wakizungukazunguka bustanini Leeds, Uingereza, mwaka 1888! Ugomvi huo siuingii. Mimi naangalia mzani.

Kamera ya Edison, ambayo kazi yake kubwa ilifanywa na msaidizi wake W.K.L. Dickson, ilikuwa dude zito la kuendeshwa kwa umeme. Haikutoka nje, basi walimwengu wakaifuata: wacheza ngoma, wanamasumbwi, hata majogoo wa kupiganishwa, wote walipelekwa kwenye kibanda cheusi huko New Jersey, chenye paa la kufunguka na kilichozungushwa kulifuata jua. Aliyetaka kutazama naye aliinamia sanduku peke yake, akachungulia tunduni.

Kamera ya Lumière ilikuwa kisanduku cha mbao cha kilo tano hivi, chenye mpini wa kuzungusha kwa mkono. Kisanduku hichohicho kilipiga picha, kilichapa nakala, na kikiwekewa taa nyuma kilizimulika ukutani. Ndani mlikuwa na vijino viwili vilivyoingia kwenye matundu ya mkanda, vikauvuta, vikauacha utulie kidogo mbele ya mwanga, vikarudi kuushika tena, mara 16 hivi kwa sekunde. Inasimuliwa kwamba Louis Lumière aliipata fikra hiyo usiku alipokosa usingizi, akiwaza jinsi cherehani inavyosogeza kitambaa.

Wengi wanapenda kisa cha watazamaji wa kwanza wa Lumière kuikimbia treni iliyoonekana ikiwajia ukutani. Treni yenyewe haikuwamo katika filamu kumi za onyesho lao la Paris, tarehe 28 Desemba 1895! Waliolipa faranga moja siku ile, 33 tu, waliwaona wafanyakazi wakitoka kiwandani Lyon. Ndiyo, walipangwa, na walirekodiwa zaidi ya mara moja. Lakini kamera ndiyo iliyowangoja getini.

Kufikia Julai 1896 kisanduku kilikwishafika Bombay. Mwaka huohuo Alexandre Promio, mpigapicha wa akina Lumière, alipanda nacho mtumbwi Venice, akazungusha mpini huku majumba yakipita. Dude la Edison lingeuzamisha.