Venice haielei, na saa yao ya zamani ni yetu

Watu wakisikia niko Venice huku Italia swali la kwanza ni hilo hilo, eti kweli mji unaelea? Hauelei bwana. Umekaa juu ya magogo yaliyopigwa kwenye tope, juu ya magogo mawe, juu ya mawe watalii. Na mie wala silali humo, kodi yake si ya mkosha vyombo, nalala Mestre huku bara, asubuhi napanda basi navuka daraja la karibu kilomita 4 kama kule kwetu Zanzibar mtu wa Mwera anavyokwenda Darajani.

Nilipofika Septemba 2019 kilichonishtua sio maji, maji nimezaliwa nayo, ni masikio. Hakuna gari, hakuna pikipiki, baiskeli yenyewe ukipanda unalimwa faini. Unasikia viatu vya mtu aliye uchochoro wa pili, unasikia kijiko kikombeni dirisha la juu, unasikia mwenye gondola, mtumbwi wao wa huku, anapiga ukelele "oe!" kabla hajakata kona ili mwenzake anayekuja ajue. Mabegi ya magurudumu ya watalii ndio balaa pekee, kila ngazi ya daraja to! to! to! Sasa nicheke au nilie: vespa si ya Waitalia hawa hawa? Sisi ndio tumezijaza Mji Mkongwe, mtu anapita nayo Hurumzi honi juu, bibi wa watu na kikapu chake anajibanza mlangoni, na wenyewe waliozitengeneza hapa hawaruhusu hata moja.

Haya, njoo kwenye saa. Pale uwanja wa San Marco pana mnara wa saa uliofunguliwa 1499, juu yake yamesimama masanamu mawili makubwa ya shaba yameshika nyundo, wenyeji wanayaita Mori, maana yake watu weusi, kwa vile shaba yake imekuwa nyeusi. Yaani weusi wenzangu wa mwanzo kuwaona mjini nao wako kazini, tena zamu ya miaka zaidi ya 500 😂. Mmoja mzee mmoja kijana, mzee anagonga kengele dakika mbili kabla saa haijatimia, kijana dakika mbili baada yake. Uso wa saa ile una namba 24. Nikamuuliza mpishi wetu, mtu mzima wa hapa hapa, kwa nini 24? Akanambia zamani huku walikuwa wanaanza kuhesabu jua linapozama, likishazama siku imekwisha inaanza nyengine, mpaka walipokuja Wafaransa wa Napoleon na saa zao za kuanzia usiku wa manane. Nikamwambia mzee wangu mbona hiyo ni yetu! Kwetu Alhamisi ikiingia magharibi ushakuwa usiku wa Ijumaa, na saa moja ya usiku ni saa moja tangu jua lituache. Hakuamini, akadhani namtania, nikamwonesha saa yangu ya mkononi ambayo mpaka leo sijaigeuza.

Ndio maana huwa nakereka na vijana wetu, wiki mbili Ulaya ashaona haya kusema saa mbili asubuhi. Si kwamba sijaumia. Jamaa mmoja wa Pemba aliyekaa huku miaka ndiye aliyeniletea habari ya kazi, "kesho uwepo saa sita", mie nikatokea mchana jua la utosi, kumbe yeye kashakuwa Mtaliano, sita yake ni alfajiri. Nikakuta sinki limefurika na meneja kavimba. Bado nasema kosa la yule Mpemba.

Na hii habari ya kwamba wazungu wanajali wakati sisi hatujali, mie naona wakati huku unauzwa tu. Mtalii chombo cha kupita mfereji mkubwa euro 9.50 tiketi moja, na tangu 2024 kuna siku anayekuja na kurudi analipa kuanzia euro 5 kwa kuingia mji tu. Wenyewe wanahama. Karibu na daraja la Rialto kuna duka la dawa limeweka namba dirishani za wakaazi waliobaki, wako chini ya 50,000 sasa. Kengele zinalia vizuri mno lakini usiku ukipita madirisha mengi giza, unajiuliza zinamwamsha nani. Kwetu muuza kahawa akigonganisha vikombe watu wanatoka barazani, na ngoma ya daku ikipita Ramadhani usipoamka wewe atakuamsha jirani.

Ila kwa kutunza, hapo wametushinda. Beit al-Ajaib, lile jumba letu la kale Mji Mkongwe, ilipoporomoka 25 Desemba 2020 na mnara wake wa saa, na watu wawili wakafa, nilimwonesha mpishi picha kwenye simu. Akatazama sana, akasema na wao mnara wa kengele wa San Marco ulianguka wote 1902, ikasalimika kengele moja tu kubwa, na 1912 ukasimama tena vile vile.

Huku maji yakitaka kupanda wanapiga king'ora, halafu inafuata milio mirefu, mmoja maana yake sentimita 110, minne ni 140 kwenda juu. Usiku wa 12 Novemba 2019 yalifika 187, mafriji ya jikoni yanaelea, na mie niko kwenye simu na mama, kwake inakaribia saa saba ya usiku.

"Nini hicho kinacholia, vita?"

"Maji mama, maji yanaingia ndani, wanasema hawakutarajia hivi."

"Hawakutarajia? Maulidi si juzi tu tumesoma? Mwezi ushapea huo, bamvua hilo. Waambie."