"Hali Ibaki Kama Ilivyo": Hali Ipi?

Jumatatu nimeshinda na mama yangu mdogo kwenye korido ya Baraza la Ardhi na Nyumba. Amepakata bahasha ya kaki, na ndani yake mna karatasi moja yenye muhuri ambayo kwa wiki tatu aliamini inamlinda. Imeandikwa: hali ibaki kama ilivyo hadi maombi yatakaposikilizwa. Maneno saba. Nimeyachukia yote.

Alinunua pagale Kivule. Bei milioni 18. Akatoa 12 mbele ya mjumbe na mashahidi, sita zilizobaki alipe ndani ya mwaka, na siku hiyo hiyo akakabidhiwa funguo. Akapaua, akaweka milango, akavuta umeme kwa jina lake, akahamia. Mwezi wa tisa muuzaji akaanza kuzikwepa zile sita. Simu hapokei, akipokea, yuko safarini. Anayekwepa kulipwa deni lake ameshapata mteja mwingine, hilo kila mtu mtaani analijua.

Mama mdogo akafungua shauri, akaomba zuio la muda, yaani amri ya kuzuia nyumba isiguswe wakati kesi inaendelea, Ijumaa akapewa hayo maneno saba. Jumamosi akaenda msibani Mbagala. Huku nyuma vijana wakashuka na lori la tofali za inchi sita. Aliporudi Jumapili jioni, ukuta ulikuwa umekatiza uani, kozi nne, choo na bomba vikabaki upande wa pili, na sebuleni kwake kakaa mlinzi asiyemjua. Asubuhi yake niliugusa ule ukuta. Simenti ilikuwa bado inabanduka na kidole.

Siku ya kusikilizwa, wakili wa muuzaji akasimama na kusema mteja wake ndiye aliyemo kwenye nyumba, kwa hiyo hali na ibaki kama ilivyo. Mwenyekiti wa Baraza akafunua faili mbele na nyuma. Hapana palipoandikwa ni nani alikuwa ndani siku amri ilipotoka.

Masharti ya zuio tunayajua tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe, 1969: pawe na hoja ya msingi ya kuamuliwa, mwombaji awe hatarini kupata madhara yasiyofidika kwa pesa, na akinyimwa zuio aumie kuliko atakavyoumia mwenzake akipewa. Wakenya wana kesi yao ya Giella ya 1973, inayokaribiana sana na hiyo. Mawakili wetu wanayakariri hayo masharti kama tenzi. Nguvu zote zinaishia kwenye kubishana zuio litolewe au lisitolewe. Likishatolewa, hakuna anayejali limeandikwaje. Na kwenye nyumba iliyouzwa nusu malipo, uandishi wake ndio kila kitu, kwa sababu kesi itachukua miaka, na miaka hiyo yote nyumba ni ya aliyeshika funguo.

Amri iseme: leo, tarehe hii, fulani anaishi humu, funguo anazo yeye, uani hakuna ukuta, choo na bomba anatumia yeye. Baraza halina gari la kwenda Kivule? Mwombaji apige picha, mwenyekiti wa serikali ya mtaa azithibitishe, ziambatane na hati ya kiapo, na amri izitaje. Ni nusu ukurasa. Bila hiyo nusu ukurasa utamshitakije mtu kwa kudharau amri, wakati amri yenyewe haijui ilikuwa inalinda nini? Tangu 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama na mabaraza kwa mujibu wa sheria, nami nilishangilia. Basi tukitumie kusema vitu kwa majina yake.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba wapo wanunuzi wanaolipa robo, wanaingia, kisha wanajificha nyuma ya zuio huku muuzaji akihangaika na ada za watoto. Lakini dawa yao ipo: sheria inaruhusu zuio litolewe kwa masharti, ikiwamo kuweka dhamana. Mama mdogo milioni sita anazo. Angeambiwa aziweke Barazani angeziweka siku ile ile.

Wanaosema nyumba inafidika kwa pesa, wahamishwe wao kwanza. Na wenye mazuio mikononi, angalieni tarehe: muda wake hauzidi miezi sita, ukiongezwa hauvuki mwaka mmoja, na kesi haikusubiri wewe ukumbuke.

Maombi yameahirishwa. Mama mdogo analala kwangu, kwenye kochi, amekataa kitanda. Jana usiku aliitoa tena ile karatasi akaniomba nimsomee polepole, neno kwa neno. Nilipomaliza akaniuliza ni wapi hapo palipoandikwa choo.