Sambusa za Kima

Mimi kima ndicho kinachonilisha. Ni afisa utumishi, kazi yangu ni mishahara ya watu, na mwaka 2022 ilipotangazwa ile nyongeza ya asilimia 23.3, mimi ndiye niliyesimama mlangoni pa ofisi kuwaeleza watumishi waliokuja na kalkuleta mkononi kwamba hiyo ilikuwa ya kima cha chini, si ya kila mtu. Mwezi ule nililitamka neno "kima" mara nyingi kuliko jina la mke wangu. Kwa hiyo nilipotumwa Unguja, Ramadhani ya 2023, kwenye semina ya mambo hayohayo ya mishahara, niliingia ukumbini kama mwenye shamba anayekagua mahindi yake.

Jirani yangu wa kiti alikuwa Mganda mmoja wa Kampala, mrefu, mpole, mwenye kofia asiyoiacha. Nitamwita Ssebo, yaani "bwana" kwa Kiganda, maana kila sentensi yake ilianzia hapo na kuishia hapo. Kiswahili alikuwa nacho, ila cha kuokoteza njiani. Siku ya kwanza akaliangalia bango kubwa mbele, SEMINA YA KIMA CHA CHINI, mabega yakaanza kumtikisika. Akaniinamia.

"Ssebo, huyu kima wa chini namuona. Wa juu yuko kwenye mti?"

Akanieleza kwamba kwao tumbili ni enkima, na yeye mwenyewe ni wa ukoo wa Nkima. Waganda wana koo zao, na kila ukoo una muziro wake: mnyama, samaki, ndege, hata mmea. Muziro wako huuli. Si kwamba huupendi. Huuli, basi, na baba yako hakuula, na babu yako hakuula.

Nikamweka sawa. Nikamwambia, kwa sauti ile ninayowatolea waajiriwa wapya, kwamba kima katika Kiswahili ni mambo mawili: kuna kima mnyama, na kuna kima kiwango.

"Mawili tu?"

"Mawili tu."

Hilo "tu" ndilo lililonigharimu.

Jumamosi waandaaji wakatupeleka Jozani, kama kilomita 35 kutoka mjini, kuwaona kima punju. Hawa ndio wenyewe wa Unguja, na asili yao usiitafute kwingine duniani. Mgongo mwekundu kama udongo wa kwetu Kahama, uso mweusi, nywele nyeupe zimesimama kila upande kama za mzee aliyeamshwa ghafla. Mwongozaji alituambia kidole gumba hawana, kimebaki kidutu tu. Akatuambia pia kitu kilichonikaa kichwani siku nzima: kima hawa hula mkaa. Majani ya mikungu na miembe wanayoyapenda yana vitu vinavyovuruga tumbo, na mkaa ndio dawa yao, kwa hiyo hufika mpaka kwenye makazi ya watu wakakwapua vipande jikoni wakatafuna.

Dume moja lilikaa kwenye tawi juu yetu, likatutazama kwa zamu kama mjumbe wa bodi ya ajira. Ssebo akavua kofia. Wallahi, alivua kofia, akainamisha kichwa kidogo, kisha akaivaa tena.

Jioni tukaalikwa kufuturu kwa mwenzetu mmoja wa semina, kijana wa hapohapo mjini, kwa mama yake. Bi Mkubwa alitupokea kama aliyetuzaa. Jua likazama, adhana ikalia, mwenyeji wetu na mjomba wake wakafungua kwa tende na funda la maji, wakakimbilia msikitini kuwahi magharibi. Mimi na Ssebo, wageni na tusiofunga, tukaachiwa busati, sinia, na amri ya Bi Mkubwa kwamba tusingoje mtu.

Hatukungoja. Palikuwa na muhogo wa nazi, tambi, kaimati zinazong'aa shira, na katikati kilima cha sambusa. Nimekula sambusa nyingi maishani, zile za stendi ambazo ukiuma unakutana na hewa na kipande kimoja cha kitunguu kinachojilaumu. Hizi zilikuwa nyingine. Manda yake nyembamba, pembe zimebanwa kwa uji mzito wa unga mpaka hakuna penye kuvuja, ukiuma inalia kabla haijavunjika. Ndani nyama chembechembe, kavu, imeshika thomu na kotmiri, na ndimu inakuja mwishoni wakati umeshafikiri mambo yamekwisha. Mimi nilikuwa kwenye ya sita. Ssebo alikuwa ameacha kuhesabu.

"Bi Mkubwa," nikasema, mdomo umejaa, "hizi sambusa za nini, mbona tamu hivi?"

"Za kima, mwanangu. Kula, mbona wadonoa?"

Sasa naomba msomaji anihurumie kidogo, maana lugha yenyewe ilinitega. Angesema kima wa hivi au kima ya hivi, labda ningeshtuka. Lakini "sambusa za kima"! Lile "za" ni la sambusa. Kima mwenyewe kakaa pale kimya, hana ngeli, hana kitambulisho. Nikapiga hesabu ya kiutumishi: maana ziko mbili, nimeshazitangaza mwenyewe. Sambusa haijazwi mshahara.

Ikabaki maana moja.

Na hapo upepo ukaleta harufu ya mkaa kutoka uani.

Ningenyamaza, tungelala salama. Lakini nilimfikiria mwenzangu na ukoo wake, na ile kofia iliyovuliwa asubuhi. Nikamgusa goti.

"Ndugu yangu, weka hiyo chini. Ni kima."

"Kima wa mshahara?"

"Wa Jozani."

Aliiangalia ile sambusa aliyoiuma nusu kama mtu anayesoma barua ya msiba. Akaitua kwenye sinia polepole, kwa mikono miwili, ikiwa imeelekea upande wa ukutani. Halafu akanyanyuka, akatoka mpaka karoni, na tukamsikia anajaribu kuurudishia ukoo mali yake.

"Kapatwa na nini mwenzio?" akauliza Bi Mkubwa.

"Samahani, Bi Mkubwa. Kwao hawali kima."

"Masikini! Si angesema, ningemkaangia samaki." Akanitazama. "Na wewe?"

"Mimi... kwetu haijazoeleka. Hivi mnaipata wapi?"

"Darajani. Kuna kijana wangu pale, anaisaga mbele ya macho yako. Sitaki ya kusagwa zamani mie."

"Anaisaga" ilitosha kumzindua mtu mwenye Kiswahili fasaha. Lakini mimi ni yule anayesema "mbuzi yangu imepotea" bila aibu, hivyo ikapita kama upepo. Nikaendelea kuchimba.

"Na mkia, Bi Mkubwa?"

"Mkia supu. Mkia una utamu wake."

"Na kichwa?"

"Kichwa hupati hivihivi, mpaka uwahi alfajiri. Lakini ukikipata na ulimi wake, sikukuu ndiyo hiyo!"

"Serikali inajua?"

"Itaachaje kujua? Bwana afya si anapiga muhuri?"

"Anampiga muhuri?"

"Ubavuni hapa," akasema, akijigusa ubavu.

Nikaiona picha nzima: lile dume la nywele nyeupe, kwenye foleni, ubavu mmoja una muhuri. Jasho likaanza kunitoka mgongoni. Katika hofu yote ile, swali moja dogo halikunijia kabisa kichwani: ni nyumba gani ya Kiislamu, tena katika mwezi mtukufu, itakayofuturu kwa kima? Hata mtoto wa chuoni angeniuliza. Hakuwepo mtoto.

Mlango ukafunguliwa, wakaingia mwenyeji wetu na mjomba, wakikung'uta viatu. Wakakuta mgeni mmoja ameinama karoni, na mwingine amesimama katikati ya busati, kidole juu, anamhutubia mama wa watu:

"Kima analindwa na sheria!"

Mwenyeji wetu akacheka kwa uchovu. "Kinalindwa, kaka. Kinalindwa. Yaani umekuja na semina mpaka kwenye futari?"

"Siyo kima hicho! Kima huyu!" Nikainua sambusa.

Kimya. Mjomba, mzee mwembamba wa kanzu, mwalimu mstaafu wa Kiswahili, akaitazama sambusa, akanitazama mimi, akamtazama Ssebo aliyekuwa anarudi ameshika ukuta. Nikaona jambo linamfunukia usoni hatua kwa hatua, kama pazia la jukwaani.

"Mwanangu," akasema taratibu, "hebu tunga sentensi. 'Kima' na kitenzi 'kunukia'."

"Kima ananukia."

"Ahaa," akasema mwalimu, na akakaa chini kabisa, maana miguu ilikuwa imeshamwishia kwa kicheko.

Bi Mkubwa alichelewa kidogo kuelewa. Alipoelewa hakucheka. "Mie? Mie nimlishe mgeni nyani? Ndani ya Ramadhani? Nyumbani kwangu?" Kwa kila alama ya kuuliza alishika kitu kingine cha kunipigia na kukiweka chini. Akaishia kwenye upawa.

Mjomba aliniokoa kwa kufungua darasa. Akachukua sambusa tatu, akazipanga pembeni mwa sinia. Ya kwanza, akasema, ni kima wa porini. Huyo ni Mbantu halisi, hakuletwa na chombo: Waganda wanaye, enkima, Wanyarwanda wanaye, inkima. Ssebo akaitikia kwa kichwa, bado anahema. Huyo analia, anaruka, anakula mkaa. Ya pili ni kima cha mshahara, kutoka Kiarabu, qima, yaani thamani, kadiri ya kitu. Hicho kinapanda, "kikipenda", akaongeza, na mstaafu akisema hivyo watu wote wa mishahara huangalia chini. Ya tatu akaivunja katikati, mvuke ukatoka.

"Na hii imetembea kuliko sisi sote. Waturuki wanaita kıyma, nyama iliyokatwakatwa. Waajemi wakalichukua neno, Wahindi wakalitia bizari, likavuka bahari mpaka jiko la dada yangu. Wagiriki nao wanalo, kimás. Hii inasagwa, inakaangwa, inanukia. Nyama ya kusaga, mwanangu. Ng'ombe."

"Kima wa ng'ombe?" nikauliza. Mazoea hayaishi siku moja.

"Ya!" wakapiga kelele nyumba nzima, pamoja na jirani wa upande wa pili wa ukuta, ambaye kumbe alikuwa anafuatilia tangu kwenye mkia.

Ssebo aliuliza mara tatu kama ni ng'ombe kweli. Mara ya tatu Bi Mkubwa akamletea bakuli la nyama iliyobaki, mbichi, nyekundu, akainusa kama mpelelezi. Kisha akaketi, akairudia ile nusu aliyoigeuzia ukutani, na baada ya hiyo nyingine nne. Baadaye akanieleza kwamba huko kwao kuna pia ukoo wa Ente, yaani ng'ombe. Nilishukuru Mungu kwa mtu aliyezaliwa mahali pake.

Mimi Bi Mkubwa alinisamehe saa nne ya usiku, kwa sharti. Aliniambia nisimame mbele ya watu wote niseme: kima ananukia, hapana, kima kinanukia, hapana, kima inanukia, ndiyo. Nikasema. Akaniongeza sambusa mbili kwenye mfuko wa karatasi, na nilipofika mlangoni akanisindikiza kwa maneno: "Haya, nenda salama, kima we." Mjomba alisema hiyo ni maana ya nne, na haihitaji maelezo.

Jumatatu semina iliendelea. Mtoa mada, mama mmoja asiyejua lolote la Jumamosi, alisimama na kusema kwa uchungu: "Ndugu washiriki, kuna waajiri wanaokula kima cha chini cha wafanyakazi wao!" Ssebo alitoka nje ya ukumbi. Mimi nilimfuata. Tuliandikwa kwamba hatukuhudhuria kipindi kile, na posho ya siku ile ikakatwa nusu.

Niliporudi Kahama nilikuwa mtu mwingine. Nilimwambia mke wangu nitamfundisha sambusa za Unguja, nikanunua kotmiri na ndimu, nikaenda buchani kwa kifua mbele.

"Nipimie kima kilo moja. Uisage vizuri."

Muuza nyama panga likamsimama hewani. Akatazama kushoto, akatazama kulia, akafuta mikono kwenye aproni, akaniinamia juu ya mzani.

"Mzee, mimi sina. Ila kuna jamaa mmoja wa porini, naweza kuongea naye." Akateremsha sauti zaidi. "Lakini maliasili wakikukamata, hunijui."