Kwani Muindi Mbingu alikuwa mtu?

Jumamosi nilisimama nje ya City Market ya Nairobi, upande wa wauza maua, nikimsubiri dada yangu. Kando yangu kijana alikuwa akimwelekeza mwenzake kwa simu: "Pitia Jeevanjee, fuata hiyo Muindi Mbingu, utaniona." Alipokata simu nikamuuliza kama anajua Muindi Mbingu, mwenye jina la barabara hiyo, alikuwa nani. Akanitazama kidogo.

"Kwani Muindi Mbingu alikuwa mtu?"

Sikumkasirikia yeye. Hakuna aliyemwambia. Lakini swali lile limenikaa kooni tangu siku hiyo.

Alikuwa mtu. Samuel Muindi Mbingu, Mkamba wa Machakos. Mwaka 1938 serikali ya mkoloni iliamua kwamba Wakamba wana mifugo kupita kiasi na kwamba lazima ipunguzwe, watake wasitake. Ng'ombe wakahesabiwa, waliozidi kiwango wakapelekwa mnadani, wakauzwa kwa bei ya kutupa. Wakati huohuo kampuni ya Liebig's ilikuwa ikianzisha kiwanda chake cha nyama pale Athi River, na kiwanda cha nyama hakiendi bila ng'ombe wengi wa bei rahisi. Wazee wa Ngelani, huko Machakos, hawakuhitaji mtu wa kuwaunganishia hayo mawili.

Udongo ulikuwa umemomonyoka, hilo nakubali. Vilima vya Machakos vilikuwa vimebaki vipara na makorongo yalikuwa yanakula mashamba. Lakini Mua Hills zilikuwa za nani wakati huo? Za walowezi. Malisho ya Yatta je? Serikali ilishayafanya mali ya Mfalme. Umewasukuma watu na mifugo yao kwenye kipande kilichobaki, halafu unawajia na daftari kuwaambia nyasi zimekwisha kwa sababu wao hawajui kufuga. Mpaka leo nikisoma hoja hiyo ikirudiwa kana kwamba ni sayansi tupu, damu inanichemka.

Susu yangu, yaani bibi yangu, alikuwa na kengele ya ng'ombe, ya chuma, ulimi wake umeliwa na kutu. Aliirithi kwa baba yake. Kila alipoitoa sandukuni aliuziba ule ulimi kwa kidole gumba ili isilie. Tukiwa wadogo tulidhani anaogopa kutuamshia mtoto. Baadaye ndipo alituambia kwamba baba yake alirudi nyumbani na kengele hiyo mkononi bila ng'ombe aliyekuwa akiivaa. Ng'ombe yule ndiye aliyekuwa akivuta plau. Ng'ombe alikuwa mahari ya kaka zake, mbolea ya shamba, na chakula cha mwaka ambao mvua ingekataa. Huwezi kuingia boma la mtu kama huyo ukamwambia unampunguzia mzigo.

Mbingu na wenzake waliunda Ukamba Members Association. Watu wakala kiapo kwamba hawatauza. Na mwishoni mwa Julai 1938 wakafanya jambo ambalo kwangu ndilo kiini cha yote: Wakamba zaidi ya elfu moja, wanaume, wanawake na watoto, waliondoka Machakos wakaenda Nairobi kumwona Gavana Brooke-Popham. Hawakutuma barua wakangoja nyumbani. Barua zilikuwa zimeshaandikwa. Walikwenda wenyewe, wakapiga kambi mjini, wakakaa wiki baada ya wiki. Hebu mfikirie mama aliyeacha shamba na kuja na mtoto mgongoni, akalala baridi ya Julai ya Nairobi, kwa sababu ya ng'ombe ambao mzungu ofisini aliwaona ni tarakimu tu. Watu wale hawakurusha jiwe. Walikaa tu, wakasema hatuondoki mpaka mkubwa wenu atusikilize. Ikabidi Gavana mwenyewe aende Machakos mwezi Agosti kufanya baraza.

Nimewahi kusikia msomi mmoja akiyaita haya "malalamiko ya wafugaji", eti siasa yenyewe ilikuja baadaye, na vyama vikubwa na mikutano ya mjini. Nakataa kabisa. Mbingu alichukua jambo la zizini akalifikisha mlangoni kwa mtawala, na akafika na wenye jambo lao. Siku hizi tukimchagua mtu huenda Nairobi, tukabaki kumwona kwenye mabango. Yule alikwenda Nairobi akiwa amezungukwa na waliomtuma, wakalala pamoja nje.

Machifu wengi walikuwa upande wa serikali. Isher Dass, mwanasiasa Mhindi, aliwasaidia Wakamba, na anastahili shukrani zaidi ya anazopata.

Septemba wakoloni wakamkamata Mbingu, wakampeleka uhamishoni Lamu. Harry Thuku, mpigania haki mwingine, naye mwaka 1922 walimtupa Kismayu; pwani ndiko walikowaficha watu wa bara waliosema sana. Walidhani wakimwondoa yeye, mambo yatapoa. Hayakupoa. Kabla mwaka haujaisha, serikali iliachana na kuuza mifugo ya watu kwa nguvu. Wapo watakaosema iliogopa tu kwa sababu askari wake wengi wa KAR, jeshi la mkoloni, walikuwa Wakamba na vita vilikuwa vinanukia Ulaya. Sawa, iliogopa. Lakini iliogopa kwa sababu watu walisimama, na waliosimama walikuwa wanakijiji ambao wengi wao hawakujua hata kusoma amri iliyowanyang'anya.

Nilimweleza yule kijana kiasi nilichoweza kabla dada hajafika. Alisikiliza mpaka mwisho, simu ikilia mkononi bila kuipokea. Kisha akainua macho kwenye kile kibao cha barabara, akasema, "Sasa si wangeandika tu hapo chini?"

Waandike. Machakos, 1938, ng'ombe. Nafasi ipo.