Siku 22 na bado munamuita zhurnalie

Kuko habari moja ya gazeti inasema bazhurnalie (batumishi ba kulipwa siku kwa siku) benye kulomba kontra ya kudumu banashitaki bakisha kuchelewa, ni kweli, lakini mutu ashitaki wakati gani kama kila asubui patroni njo anachagua ku mulango nani anaingia? Ukifungua kinywa leo, kesho jina yako haiko ku liste. Batu banangoya mpaka bafukuzwe.

Na sheria iko wazi, Kodi ya Kazi ya 2002 (kitabu cha sheria za kazi cha Congo), artikle 40, ukisha kutumika siku 22 ndani ya miezi 2, ile kazi banakupa tena mbele miezi iishe inahesabiwa kontra ya kudumu, karatasi ikuwe, isikuwe. Huku kwetu Lubumbashi ku basutretaa ba migodi (makampuni yenye kutumikia migodi kwa mukataba) siku 22 zinaisha mwezi wa kwanza tu, na kuko mapatroni benye kuhesabu vizuri kushinda mutumishi mwenyewe, ikikaribia banakwambia pumuzika kidogo!

Yenye kuua batu ni artikle 317. Inaweka muda wa kushitaki: mashtaka ya kontra miaka 3, lakini kudai mushahara ni mwaka 1 tu tangu siku ulipashwa kulipwa. Halafu huendi ku tribinali ya kazi moja kwa moja, unapita kwanza kwa enspekteri wa kazi ajaribu kubapatanisha, ikishindikana anaandika PV (karatasi ya kuonyesha vile ilipita). Shemeki yangu alifika kwa enspekteri bila kitu mu mukono, patroni akasema huyu simujui. Basi muchunge beji, mesaji za shefu wa kazi, foto ya liste ya pwentaje (ya benye kufika ku kazi), na namba za benye mulitumika nabo.