Paka Asiyeitwa Paka

Nimekaripiwa mchana kweupe, ndani ya tuktuk ambayo mbele ya watu ni yangu na jioni wakati wa hesabu ni ya tajiri, kwa kosa la kumwita paka paka.

Na mimi si mtu wa maneno, waulizeni watu wa Kisauni hapa Mombasa. Mifereji ikikauka nanunua mitungi kwa mkokoteni, kimya. Mafuta yakipanda, kimya. Stima ikikatika mpira ukiwa dakika za mwisho, natoka barazani najipepea na kanga ya mke wangu, kimya. Mwenye nyumba akija kabla ya tarehe yake namvutia kiti akae. Lakini hili la leo limenikaa kooni, na silali nalo.

Abiria mwenyewe nilimpakia Nyali, kule kwenye mageti ambako hata mbwa hubweka kwa zamu. Binti wa heshima zake, baibui safi, udi umeingia kwenye tuktuk kabla yake. Mkononi kabeba kasha la plastiki lenye mlango wa wavu, na ndani ya kasha macho mawili yananitazama kwa dharau. Nikasema kwa wema wangu, "Mwanangu, huyo paka mlango wake umekaza? Asije akanirukia shingoni tukiwa darajani."

"Ami, huyu si paka. Ni toyger."

Nilidhani amepiga chafya. Nikamwombea rehema.

"Toyger," akarudia polepole, kwa sauti ile ya mwalimu wa chuoni akimfundisha mtoto alifu. "Toy, kitu cha kuchezea. Tiger, yule mnyama wa milia. Ukiyaunganisha unapata toyger. Chui milia wa kuchezea."

Mtu mzima hapo hunyamaza, nami nilinyamaza mpaka Kongowea. Pale sokoni akapanda mama mmoja na beseni la vibua, kavifunika kwa gunia, avipeleka Majengo akakaange. Nyuma yake kijana mwenye vidude masikioni. Wakabanana watatu, kasha mapajani, beseni miguuni, tukaingia foleni ya daraja. Ile ile.

Mama akachungulia kwenye wavu. "Paka mzuri huyu."

Nikajua tumekwisha.

"Mama, si paka," binti akaanza, na darsa likafunguliwa upya, safari hii na historia yake yote. Kuna Mmarekani, asema, Judy Sugden, wa California. Mama yake, Jean Mill, ndiye aliyetengeneza wale paka waitwao Bengal, kwa kuwachanganya paka wa nyumbani na paka chui wa msituni huko Asia. Madoadoa yale. Binti yake naye miaka ya 1980 akaona kama mama kapata madoa, yeye atapata milia. Watu wengine hurithi shamba la minazi wakagombana mahakamani. Hawa wamerithishana paka na wakapatana.

"Alianza na mtaji gani?" mama wa vibua akauliza. Mfanyabiashara haachi kuuliza mtaji.

"Alikuwa na paka wa kawaida tu, wa milia. Anaitwa Scrapmetal."

Kijana akachomoa kidude kimoja sikioni. "Skrepa?"

Skrepa. Mtaani kwetu vijana wa mikokoteni hupita alfajiri wakinadi vyuma vikuukuu, wameshanibebea sufuria na kifuniko cha tangi, na kumbe California skrepa imezaa ukoo unaopanda tuktuk ukiwa ndani ya kasha. Mwenzake Skrepa alikuwa Bengal, jina lake Millwood Rumpled Spotskin. Mimi majina matatu kwenye kitambulisho yalinisumbua, moja likakosewa mpaka leo.

"Na bado haikutosha," binti anaendelea, foleni nayo haisogei kumkatiza. "Tatizo lilikuwa kichwa." Paka wa kawaida wa milia, asema, juu ya macho ana alama ya M, na mistari inatoka kipajini kwenda kisogoni. Chui milia hana hivyo. Uso wake una alama za kuzunguka. Basi mwaka 1993 yule Sugden akaleta paka kutoka Kashmir, India. Paka wa barabarani! Akamwita Jammu Blu, kisa utosini, kati ya masikio, alikuwa na vidoa mahali pa mistari. Mwaka huo huo chama cha paka cha kimataifa, TICA, kikakubali kuwaandikisha hao wa milia, na 2007 wakaruhusiwa kushindania ubingwa kamili.

Sikilizeni vizuri. Paka wa barabarani kapandishwa ndege kwa sababu ya utosi. Mimi utosi wangu una alama ya debe la maji tangu udogoni, sijaona ndege imetumwa.

Kwa kuwa hatuendi popote, nikageuka nikamtazama huyo mnyama kwa haki. Rangi ya chungwa lililoiva. Milia meusi yashuka mbavuni, lakini haikunyooka; mmoja wakatika katikati, wa pili wagawanyika, unaacha nafasi kisha unaungana tena chini. Masikio madogo, ya mviringo. Jua lilipopenya kwenye turubai, ncha za manyoya zikametameta dhahabu. Mzuri, sikatai. Uzuri si ugomvi wangu.

"Na hawa wetu wa Marikiti?" nikauliza. "Nao wana milia, na hakuna aliyewaita jina lolote isipokuwa toka."

"Ami, hao milia yao ni miembamba, imenyooka tu. Wazungu wanaiita mackerel, kwa kuwa inafanana na yule samaki."

"Samaki gani?" mama akauliza.

"Kibua."

Usimtajie mtu bidhaa yake kama huna nia ya kununua. Mama alifunua gunia, akamtoa kibua mmoja kwa mkia, akamgeuza huku na huku mbele ya pua zetu. "Milia iko wapi? Nionyesheni. Mbavu nyeupe hizi!"

"Wa kwao, mama. Wa bahari ya Ulaya ndiye mwenye milia mgongoni."

"Basi waseme kibua cha kwao. Wasimsingizie wangu." Na ili kumaliza maneno akamsogeza kibua kwenye wavu. "Haya, mwanangu, onja uniambie."

Yule mnyama akanusa. Akanusa tena. Kisha akageuza uso, akatupa mgongo, akajikunja, akafumba macho.

Kimya kikatuingia. Katika kimya hicho kijana, Mungu amsamehe, akasema kwa sauti ya mtu mwenye vitu masikioni, "Hata paka amekataa!"

Darajani siku ya foleni hakuna siri. Tuktuk ya kulia ilisikia. Makanga wa matatu ya kushoto, aliyekuwa ananing'inia mlangoni hana kazi, akaita, "Samaki gani huyo amekataliwa na paka?" Nyuma yetu boda ikazima injini ili isikie vizuri.

Mama akasimama. Tuktuk haina nafasi ya kusimama, lakini alisimama, kichwa kikainua turubai. "Umesema nini wewe? Vibua vya alfajiri hivi! Barafu yenyewe haijayeyuka! Mimi nina wateja Majengo, maneno haya yakifika ng'ambo kabla yangu nitakula nini?" Na kweli, maneno yangefika kabla yetu, maana boda ilishawasha, inapenya katikati ya magari kuelekea Buxton.

"Dereva! Nusa!"

Sikuumbwa kwa kazi hiyo. Lakini beseni lilishapanda juu ya bega langu, nami nikajikuta ndiye mwamuzi. Nikainua shavu la samaki kwa kidole: jekundu. Nikabonyeza tumbo: gumu. Jicho angavu. Nikanusa nikasikia bahari, na nyuma ya bahari udi wa Nyali. Nikatoa hukumu kwa sauti ya kuswalisha, "Samaki ni salama. Hana neno."

"Wewe ni dereva, nani atakusikiliza," mama akanijibu. Shukrani ndiyo hiyo. Akamgeukia binti. "Aliyemtia aibu samaki wangu ni wako. Utasema wewe."

"Mama, hali samaki mbichi. Anakula cha pakiti tu, kinapimwa."

"Usiniambie mimi. Waambie hao!"

Na hapo yule binti, na baibui lake safi, na darsa lake la California, akatoa kichwa nje ya tuktuk, makanga anamsubiri, tuktuk ya kulia imesimama kiholela, akapaza sauti juu ya daraja zima la Nyali:

"Samaki ni wazuri! Paka wangu ndiye mkorofi!"

Sikugeuka. Nilishika usukani, nikatazama mbele, nikaiacha ile sentensi ijitangaze yenyewe mpaka Tudor. Ni kijana aliyeuliza, taratibu, akirudisha kidude sikioni, "Si tuliambiwa si paka?"

Hakuna aliyemjibu.

Mama alipotulia na beseni likarudi miguuni, akaanza yake. Yeye ni wa Kilifi, na kwao, asema, msitu wa Arabuko-Sokoke una paka wake, Wagiriama wamwita kadzonzo, manyoya yake ukiyatazama ni gome la mti. Hakununuliwa, hakutengenezwa, yuko tu. Binti akachangamka: huyo anamjua, Wazungu wanamwita Sokoke. Mwaka 1978 Jeni Slater, Mzungu wa huko huko pwani, aliwaokota watoto wake akawafuga, na baadaye wengine wakapelekwa Denmaki, leo wana cheti na wanashindana.

"Denmaki," mama akasema. "Na barafu yao ile."

"Ndiyo."

"Na huyo Jeni, mle msituni alimwachia nani pesa?"

Binti hakuwa na jibu. Mimi ninalo lakini nilikuwa nabadilisha gia.

Nililouliza mimi ni hili: faida ya yote haya ni nini? Binti akaniambia, na hapa ndipo kooni penyewe, kwamba yule Sugden anataka watu wakimpenda huyu mdogo nyumbani, wamkumbuke na yule mkubwa msituni Asia, wamwonee huruma, asimalizwe. Yaani kitengenezwe kitu kidogo kizuri, kikae kwenye zulia, ili mkubwa wake ahurumiwe.

Wazo si baya. Nataka na mimi. Atengenezwe dereva wa tuktuk mdogo, wa kukaa mezani Nyali, ana kofia yake na kitambaa cha jasho shingoni, anakohoa saa za asubuhi, wamlishe cha pakiti, wamsugue mgongo, halafu wakiniona mimi mkubwa wake kwenye jua la saa saba wasiniambie "Ami, punguza hamsini." Atengenezwe na mama wa feri mdogo, amebeba mtoto mgongoni na mfuko wa viazi, asimame wima kwenye kabati la vioo, Likoni ya ndani ya nyumba. Tuone kama huruma itafika.

Maana hamsini niliombwa. Buxton, binti anashuka, ananiambia nimpunguzie hamsini kwa sababu "tumebanana". Nikamuuliza, kwa adabu, huyo ndani ya kasha aligharimu kiasi gani. Akaninong'oneza. Sitaitaja bei hiyo hapa kwa sababu mke wangu anajua kusoma. Nikampunguzia, kwa kuwa ulimi ulikuwa umekufa ganzi. Mama wa vibua alilipa kamili, akaniongeza kibua kimoja cha ushahidi.

Jioni maskani nikaleta habari hii mezani kwa mwenye kahawa, nikitarajia kuliwazwa. Sikuliwazwa. Mmoja akashika kwamba chui milia wako Tsavo, ami yake kamwona Voi kwa macho yake, kavuka reli. Nikamwambia hao ni wa Asia, Afrika hawapo msituni hata mmoja. Akaniuliza ami yake ni mwongo? Mwingine akasema Kiswahili chake ni simba marara, si chui milia, na tuanze hapo kwanza. Wa tatu akasema hana haja na jina, anataka kujua kama huyo toyger anakula panya. Swali la maana, sikumbuki kumuuliza binti. Ila mnyama anayemgeuzia kibua mgongo, panya wa Kisauni ninaowajua mimi watamfunga kamba wamtume dukani.

Wakati tunabishana mwenye kahawa akapitisha sinia la kashata, nami nikachukua moja nikaitazama. Jamani, kashata hizi zinakatwa na nani siku hizi? Naiweka ulimini, naitafuta, haipo. Bei ile ile. Nikamuuliza, akasema sukari. Nikamwambia juzi ulisema njugu. Akasema juzi ilikuwa njugu, leo ni sukari, na nikitaka kubwa niende nikajikatie mwenyewe, na kwa hisabu yake ninadaiwa vikombe vya wiki iliyopita, jambo ambalo si kweli hata kidogo, kwa sababu wiki iliyopita aliyekunywa ni yule yule wa ami wa Voi, na akiulizwa anasema hakuwepo.